Mwaka wa Sitini: Dunia Ambamo Wakati Hunyamaza

Dunia hiyo haimo katika ramani yoyote. Ilibuniwa mwaka 1969 na Sydney Shoemaker, mwanafalsafa wa Marekani aliyefundisha kwa miaka mingi katika Chuo Kikuu cha Cornell, na ilitokea kwenye makala yake katika jarida la The Journal of Philosophy. Mada ya makala hiyo ilikuwa wakati usio na mabadiliko. Hadithi yake haina mfalme, haina vita wala mapenzi, na wakazi wake hawakupewa hata majina. Hata hivyo wanafalsafa wanaochunguza wakati hawajaacha kuijadili, kwa kuwa ilijengwa kwa kusudi moja tu: kuonyesha kwamba watu wenye akili timamu wanaweza kuwa na sababu nzuri ya kusadiki kwamba mwaka mzima umepita bila kitu chochote, mahali popote, kubadilika.

Dunia yenyewe ni ndogo. Ina majimbo matatu, A, B na C, yaliyotenganishwa na mipaka ya asili. Siku za kawaida watu huvuka mipaka hiyo wapendavyo, na aliyesimama upande mmoja huyaona mengi yanayotendeka upande wa pili. Ila kila baada ya muda jimbo moja huganda. Maji huacha kutiririka, jani lililokuwa likianguka hubaki hewani, aliyefungua kinywa aseme neno hubaki kinywa wazi. Hakuna kinachokua wala kinachooza. Wakazi wa majimbo mengine huyatazama hayo kutoka ng'ambo, lakini hawawezi kuingia hadi mgando uishe. Unapoisha, wanaoingia mara moja hukuta kila kitu kilivyoachwa: yai lililotagwa muda mfupi kabla ya mgando ni safi kabisa, na bia iliyomiminwa kwenye bilauri bado ina povu lake. Yai na bia ni mifano ya Shoemaker mwenyewe. Jinsi mwanga unavyoweza kutoka katika jimbo ambamo kila kitu kimesimama, hadithi haielezi, na msomaji hana budi kuisamehe hapo kama anavyomsamehe mtamba ngano pale sungura anapoanza kusema.

Kwa aliyeganda mambo ni mengine. Yeye hakuhisi lolote. Sentensi aliyoianza kabla ya mgando huimalizia baada ya mwaka, na kwake hakuna pengo katikati. Kinachomshtua ni ng'ambo ya mpaka: shamba lililokuwa na miche limekwisha kuvunwa, nyumba iliyokuwa msingi tu ina paa, mtoto wa jirani amerefuka kwa kufumba na kufumbua. Akiambiwa kwamba alisimama kama sanamu mwaka mzima, mara ya kwanza hudhani anachezewa shere. Lakini kila jimbo lina zamu yake ya kuganda na zamu zake za kutazama wenzake wakiganda, kwa hiyo aliyebisha safari hii hujionea kwa macho yake jambo lilelile likiwapata wengine safari ijayo. Baada ya muda habari za migando huwa maarifa ya kila mtu, na huingizwa kwenye kalenda pamoja na misimu ya mvua.

Kalenda hiyo ndiyo kiini cha hadithi. Mgando mmoja hudumu mwaka mmoja kamili. Jimbo A huganda kila mwaka wa 3, Jimbo B kila mwaka wa 4, Jimbo C kila mwaka wa 5. Mwanafunzi aliyefundishwa kutafuta kigawe kidogo cha shirika ataona mara moja kinachofuata. A na B huganda pamoja kila mwaka wa 12, na shahidi ni C peke yake. A na C huganda pamoja kila mwaka wa 15, shahidi akiwa B. B na C huganda pamoja kila mwaka wa 20, shahidi akiwa A. Migando hii ya majimbo mawili huonwa, huandikwa, na hutokea sawasawa na hesabu ilivyotabiri. Hapo ndipo namba moja inabaki. Namba 3, 4 na 5 hukutana kwenye 60. Mwaka wa 60 majimbo yote matatu yanapaswa kuganda kwa pamoja, na hakutakuwa na jicho hata moja la kushuhudia.

Wakazi watauonaje mwaka huo? Hawatauona. Aliyeanza kufumba macho dakika ya mwisho ya mwaka wa 59 atayafumbua katika mwaka wa 61 akidhani amepepesa tu. Saa zote zitakuwa zimesimama pamoja na kuanza tena pamoja. Hakuna vumbi litakaloongezeka juu ya meza, hakuna shamba la ng'ambo litakalokuwa limevunwa, hakuna jirani wa kuja kusimulia. Mtu mwenye pupa atasema basi mwaka huo haukuwapo, na mjadala uishie hapo.

Lakini hesabu haimruhusu kuondoka kirahisi hivyo. Kwa kawaida A hukaa macho miaka 2 kati ya mgando na mgando, B miaka 3, C miaka 4. Sasa tuseme mtu anahesabu miaka ile tu ambayo angalau jimbo moja lilikuwa macho. Ataona kwamba baada ya migando 19 ya A, 14 ya B na 11 ya C, utaratibu unavurugika ghafla: A hukaa macho miaka 4 mfululizo, B miaka 6, C miaka 8. Kila jimbo limekaa macho mara mbili hasa ya kawaida yake, na yote matatu yamefanya hivyo katika kipindi kimoja. Kisha utaratibu wa zamani hurudi, na uvurugikaji uleule hutokea tena baada ya mzunguko mzima wa miaka 59 inayoonekana.

Maelezo ya jambo hili ni mawili. La kwanza ni la mbishi: sheria za migando zina kasoro, na mara moja katika kila mzunguko wa miaka 59 majimbo yote matatu huruka zamu zao kwa pamoja bila sababu inayojulikana. La pili ni la mwenye kusadiki: sheria hazina kasoro hata moja, A iliganda mwaka wa 60 kama inavyopasa, B vilevile, C vilevile, na kwa kuwa yote yaliganda kwa wakati mmoja hakuna aliyebaki wa kuona. Maelezo yote mawili yanalingana na kila kilichoonwa. La pili ni jepesi zaidi, kwa maana lina sheria tatu tu na halihitaji kuongezewa ya nne ya kueleza kasoro. Ndivyo wanasayansi wanavyochagua kati ya maelezo siku zote. Hakuna aliyeingia ndani ya kiini cha jua, lakini watu husema kwa uhakika kinachotendeka humo, kwa sababu maelezo hayo ndiyo yanayoshikamana vizuri zaidi na yale yanayoonekana kwa nje. Shoemaker hakudai zaidi ya hapo. Hakusema kwamba ulimwengu wetu huganda. Alisema tu kwamba anayedai wakati hauwezi kabisa kupita bila mabadiliko amedai kupita kiasi.

Hesabu hiyohiyo huzaa mambo ya ajabu katika maisha ya wakazi. Katika kila miaka 60, mtu wa A huishi miaka 40, mtu wa B miaka 45, mtu wa C miaka 48. Mapacha waliozaliwa siku moja, mmoja akalelewa A na mwenziwe C, wangeadhimisha mwisho wa mzunguko wakiwa wameachana kwa miaka 8 ya mvi na makunyanzi. Mwanasheria wa huko angekuwa na kazi nyingi: mkopo wa mwaka mmoja aliouchukua mtu wa A kutoka kwa tajiri wa C ungeiva katika mwaka wa nani? Hata hivyo kuhusu mwaka wa 60 wasingegombana. Ni mwaka pekee ambao haumzeeshi mtu yeyote na haumpi mdai yeyote faida juu ya mdeni wake, na pengine ndiyo sababu mfanyabiashara wa huko asingeona haja ya kuuhesabu. Mwanafalsafa anauhesabu kwa sababu nyingine.

Sababu hiyo ina umri wa zaidi ya miaka 2,300. Aristotle, katika kitabu cha nne cha Fizikia yake, alifundisha kwamba wakati si kitu kilekile na mabadiliko, lakini pia hauwezi kuwapo bila mabadiliko. Wakati ni hesabu ya mwendo kwa upande wa kabla na baada. Alitoa mfano wa watu wanaosimuliwa kuwa walilala kando ya mashujaa huko Sardinia. Walipoamka waliunganisha dakika ya kulala na dakika ya kuamka, wakaona ni moja, kwa kuwa hawakuhisi badiliko lolote katikati. Kutokana na hilo Aristotle alihitimisha kwamba pasipo badiliko hakuna wakati. Msomaji makini ataona mwanya hapo: kutohisi badiliko na kutokuwapo kwa badiliko ni mambo mawili. Waliolala Sardinia hawakuhisi kitu, lakini jua liliendelea kuchomoza na kuzama juu yao.

Upande wa pili wa ugomvi uliongozwa na Isaac Newton. Katika kitabu chake kikuu cha mwaka 1687 aliutenga wakati wa kweli, ambao kwake hupita wenyewe kwa mwendo uleule bila kutegemea kitu chochote cha nje, na wakati wa kawaida unaopimwa kwa saa, siku na miaka. Kwa Newton, vitu vyote vikisimama wakati huendelea kupita. Gottfried Wilhelm Leibniz hakukubali. Katika barua alizoandikiana na Samuel Clarke, mtetezi wa Newton, kati ya mwaka 1715 na 1716, alishikilia kwamba wakati ni mpangilio wa mambo yanayofuatana, na pasipo mambo hakuna mpangilio. Kama wakati ungekuwapo wenyewe, alihoji, ingebidi kuuliza kwa nini Mungu hakuumba ulimwengu mwaka mmoja mapema, na swali hilo haliwezi kuwa na jibu kwa sababu miaka mitupu hufanana yote. Barua zilikoma Leibniz alipofariki mwaka 1716.

Swali la kuumba mapema halikuwa jipya. Wanazuoni wa Kiislamu walikwisha kulikabili karne nyingi kabla. Al-Ghazali, katika kitabu chake cha kuwapinga wanafalsafa kilichoandikwa mwishoni mwa karne ya 11, alijibu kwamba wakati wenyewe umeumbwa pamoja na ulimwengu, kwa hiyo hakukuwa na miaka mitupu iliyotangulia. Ibn Rushd akaja kumjibu katika karne ya 12. Mzozo wao ulihusu mwanzo wa ulimwengu. Mchango wa Shoemaker ulikuwa kulileta swali katikati ya historia, mahali ambapo watu wanaweza kukusanya ushahidi kabla na baada ya ukimya.

Hapo ndipo hadithi yake inapotofautiana na hadithi nyingine zote mashuhuri za wakati kusimama. Katika Sura ya Al-Kahf vijana wa pangoni walilala miaka 300 na 9 zaidi, wakaamka wakidhani ni siku moja au sehemu ya siku. Katika Sura ya Al-Baqara yumo mtu aliyepita penye mji uliokuwa magofu, akafishwa miaka 100 kisha akafufuliwa. Chakula na kinywaji chake havikuharibika, lakini punda wake alikuwa amebaki mifupa. Kisa hiki, kikisomwa na mwenye kuijua dunia ya Shoemaker, kinavutia sana: chakula ni jimbo lililoganda, punda ni jimbo lililokuwa macho, na vyote viwili viko mbele ya mtu mmoja ili alinganishe. Katika kitabu cha Yoshua, sura ya 10, jua linasimama juu ya Gibeoni, lakini vita vinaendelea chini yake. Katika ngano ya binti mfalme aliyelala miaka 100, iliyochapishwa na ndugu Grimm mwaka 1812, hata moto wa jikoni unalala, ila miiba inaendelea kukua kuizunguka ngome. Mwandishi wa Argentina Jorge Luis Borges alichapisha mwaka 1943 hadithi ya mtunzi wa tamthilia huko Prague anayepewa mwaka mmoja mbele ya bunduki za wauaji wake: risasi, askari na tone la mvua vimesimama, lakini mawazo yake yanatunga.

Kila moja ya hadithi hizi inaacha kitu kimoja macho. Bila mifupa ya punda, miiba ya ngome au mawazo ya mtunzi, msikilizaji asingejua kwamba muda umepita, na msimulizi asingekuwa na la kusimulia. Shoemaker alithubutu kukizima hata kitu hicho cha mwisho, akaacha ushahidi ubaki kwenye hesabu peke yake.

Tatizo gumu zaidi la dunia yake halimo kwenye hesabu. Limo kwenye swali ambalo hata mtoto angeweza kuliuliza: mgando mkuu unaishaje? Jimbo moja linapoganda, mtu anaweza kudhani kwamba linaamshwa na kitu fulani kinachotendeka katika majimbo yaliyo macho. Katika mwaka wa 60 hakuna kilicho macho. Hali ya dunia mwezi wa kwanza wa mgando ni ileile kabisa ya mwezi wa sita na ileile ya siku ya mwisho. Kama hali ya siku ya mwisho ndiyo iliyouvunja mgando, kwa nini haikuuvunja siku ya kwanza, wakati ilikuwa haina tofauti yoyote? Kwa kawaida watu huelewa kwamba sababu hugusana na matokeo yake. Moto huchoma kitambaa kinachogusana nao, na ukionekana kuchoma cha mbali, mtu hutafuta cheche iliyopita katikati. Katika mgando mkuu hakuna cheche. Kati ya tukio la mwisho kabla ya mgando na tukio la kwanza baada yake kuna mwaka mtupu.

Shoemaker hakulikwepa swali hili. Njia alizoziona ni mbili. Ya kwanza ni kwamba sababu iliyo upande mmoja wa mwaka mtupu inaweza kuleta matokeo upande wa pili moja kwa moja, pasipo chochote cha kuviunganisha. Ya pili ni nzito zaidi: kupita kwa wakati kwenyewe, pasipo kitu kingine, kuwe na nguvu ya kusababisha, ili kwamba mwaka ukiisha mgando uishe kwa sababu mwaka umeisha. Alikiri kwamba hatuna sababu ya kusadiki kwamba mambo huenda hivyo katika ulimwengu wetu. Lakini wakazi wa dunia yake wana uzoefu mwingine, na huenda wakawa na haki ya kusadiki tusilolisadiki sisi.

Ili kulipa wazo hilo nguvu, aliibadili hadithi kidogo. Katika sura hii ya pili migando haina urefu mmoja, na kila mgando hutanguliwa na kipindi cha uzito ambapo watu huona viungo vyao vinahitaji nguvu zaidi kuliko kawaida ili vitembee. Wakazi hugundua kwamba urefu wa kipindi cha uzito hulingana na urefu wa mgando unaofuata. Basi siku moja uzito unayashika majimbo yote matatu kwa pamoja. Sasa wana sababu ya kusema kwamba mgando mkuu umepita, na pia wanaweza kukadiria ulikuwa mrefu kiasi gani, ingawa hakuna saa iliyoupima. Hapa wapinzani wake wengi ndipo wanapokita miguu. Wako wanaokubali hesabu ya mwaka wa 60 lakini wanaona kwamba kuupa wakati mtupu kazi ya kuamsha ulimwengu ni bei kubwa mno, kubwa kuliko ile kasoro moja ya mbishi iliyokataliwa kwa sababu ya uzito wake. Pingamizi hilo ni zito kweli. Wepesi uliopatikana kwenye kalenda unalipwa kwa mzigo kwenye sheria za sababu na matokeo, na hakuna mizani inayokubaliwa na wote ya kupima kipi kimezidi.

Fizikia ya leo haiamui ugomvi huu, lakini ina mambo mawili ya kuongeza. Tangu mwaka 1967 sekunde moja imefafanuliwa kwa mitetemo 9,192,631,770 ya mnururisho wa atomu ya sesiamu 133. Huko ni kuupima wakati kwa badiliko, kama Aristotle alivyotaka, ingawa aliyekubali kipimo hicho si lazima akubali kwamba wakati hauna kingine zaidi ya kipimo chake. Katika mgando mkuu sesiamu nayo ingeganda.

Jambo la pili linakaribiana zaidi na majimbo ya Shoemaker. Nadharia ya Albert Einstein ya mwaka 1915 inaonyesha kwamba saa iliyo karibu na kitu chenye uzito mkubwa huenda polepole kuliko iliyo mbali nacho. Saa za satelaiti za GPS, kwa sababu ya kuwa juu, na hata baada ya kutoa ucheleweshaji unaotokana na mwendo wao, hutangulia saa za duniani kwa takriban sehemu 38 za milioni za sekunde kila siku, na mfumo husahihishwa kwa sababu hiyo. Penye shimo jeusi tofauti hiyo haina kikomo. Mtazamaji wa mbali akikitazama kitu kinachotumbukia humo, hukiona kikizidi kupunguza mwendo kadiri kinavyoukaribia mpaka, kikigeuka chekundu na kufifia, bila kukiona kikivuka kamwe. Wanafizikia wa Kisovieti waliviita vitu hivyo nyota zilizoganda, kabla jina la shimo jeusi halijaenea kote. Kinachotumbukia chenyewe hakihisi mgando wowote; kwa saa yake huvuka mpaka kwa muda mfupi. Tofauti na mkazi wa Jimbo A ni kwamba aliyevuka harudi kuambiwa ng'ambo kulitokea nini.

Mwaka uleule wa 1969 kilitoka kitabu kingine kilichohusu wakati, na hiki kiliandikwa Afrika Mashariki. John Mbiti, mzaliwa wa Kitui nchini Kenya aliyekuwa akifundisha Makerere, alieleza katika kitabu chake kuhusu dini na falsafa za Kiafrika kwamba kwa jamii alizozichunguza wakati ni mkusanyiko wa matukio: yaliyotokea, yanayotokea na yaliyo karibu kutokea. Kisichotokea wala kisichokaribia kutokea hakimo katika wakati. Alitumia maneno ya Kiswahili, sasa na zamani, kuzitaja pande mbili za wakati huo. Mifano yake ilikuwa ya maisha ya kila siku. Walatuka wa Sudan Kusini huutaja mwezi wa Oktoba kwa jina la jua kwa kuwa jua huwa kali, na Desemba kwa usemi wa kumpa mjomba maji kwa kuwa maji huwa haba. Kwa Wanyankole wa Uganda saa za mchana hufuata ng'ombe, kuanzia kukamuliwa hadi kunyweshwa. Mwezi wa uwindaji ni mwezi wa uwindaji, uwe na siku 25 au 35.

Mbiti na Shoemaker walizaliwa mwaka mmoja, 1931, lakini dunia zao hazipatani. Katika kalenda ya Mbiti mwaka wa 60 haungeweza kuingizwa, kwa sababu hauna tukio la kuuingiza. Padri na mwanafalsafa wa Rwanda Alexis Kagame naye alikuwa karibu na msimamo huo: aliuona wakati kuwa kitu kisichotambulikana hadi tukio fulani liutie alama. Si wote waliokubali. Kwame Gyekye wa Ghana alimpinga Mbiti vikali, akitumia lugha na fikra za Waakan kuonyesha kwamba Waafrika wamekuwa na dhana ya wakati ujao ulio mbali na ya wakati usiofungwa kwenye tukio lililo mbele ya macho. Hoja ya Gyekye ina nguvu, na desturi za Afrika Mashariki zenyewe zinaiunga mkono kwa sehemu. Wakulima na mabaharia wa pwani ya Waswahili wamehesabu mwaka kwa siku tangu zamani, wakizigawa katika makumi kuanzia siku ya mwaka, na kumi huwa na siku kumi iwe na upepo au isiwe nao.

Kwa hiyo wakazi wa A, B na C wangehitaji kalenda mbili. Ile ya matukio ingekuwa na miaka 59 katika kila mzunguko, na ingewatosha wakulima, wazazi na wadai. Ile ya hesabu ingekuwa na miaka 60, na ingehitajika na yeyote anayetaka kutabiri bila kukosea mgando ujao wa Jimbo A, ambao kwa kalenda ya kwanza huja mwaka mmoja kabla ya siku zake.